Plasta ya Mama Usipumue

Mtaani karibu watu wote walikuwa wamesahau jina lake halisi. Alikuwa Mama Usipumue, basi. Jina hilo lilizaliwa katika chumba cha eksirei cha hospitali, ambako kwa miaka mingi alisimama nyuma ya kioo kizito na kuamuru kwa sauti kavu, "Vuta pumzi. Ishike. Usipumue!" Mashine ilinguruma, ikalia tii, naye akasema, "Haya, pumua," kwa upole wa mtu anayekurudishia kitu alichokuazima. Watoto wakimwona anatoka dukani na mkoba wake wa kahawia walijaza hewa mashavuni, wakasimama kama vinyago mpaka apite. Mmoja akishindwa na kupasuka kicheko, wenzake walimrukia: "Umetikisika! Picha imeharibika! Rudia!"

Hakuwakasirikia. Ukweli ni kwamba jina lile alilipenda, maana lilikuwa cheti chake cha mtaani. Alikuwa na sifa moja aliyoilinda kama mboni ya jicho: harudii picha. Katika kazi ile kurudia ni aibu, kama fundi cherehani kumwita mteja mara ya pili aje apimwe kiuno upya. Wengine walirudia kifua mara mbili na mkono mara tatu. Yeye alikuwa anakutazama tu ukiingia mlangoni, anakupima kwa jicho, anazungusha vidude vyake viwili, na picha inatoka imenyooka. Daktari alikuwa akiwaambia wageni, "Huyu ana mizani machoni."

Chumba chenyewe hakikuwa na dirisha. Mlango ulikuwa mzito kwa sababu ndani ya mbao zake mlikuwa na bati la risasi la kuzuia miali. Katikati palikuwa na meza ndefu yenye baridi ya kukushtua ukiilalia mgongo wazi, na juu yake, kwenye mkono wa chuma, lilining'inia bomba la eksirei ndani ya ganda lake jeupe. Nyuma ya kioo lilikaa kabati la kuendeshea, na kwenye kabati hilo vile vidude viwili vya kuzungusha. Cha kushoto kilikuwa cha volti, zikihesabiwa kwa maelfu. Cha kulia kilikuwa cha kuamua elektroni ziende nyingi kiasi gani na kwa muda gani. Kando ya kile cha kushoto, penye alama ya sabini, palibandikwa kipande cha plasta ya kidonda, cha rangi ya ngozi, kingo zake zimeshachakaa. Maana yake ilijulikana: hapa usivuke. Mama Usipumue hakuvuka. Mtu akiwa mnene, alikiacha cha kushoto kwenye plasta na kuongeza cha kulia.

Siku moja akaingia mwoka mikate.

Huyu alikuwa mama wa makamo mwenye duka la mikate nyuma ya soko, mwenye mwili mkubwa, mikono minene ya kukanda unga, na mdomo usiokosa utani. Alikuwa ameanguka ngazini na gunia la unga begani. Tangu hapo mgongo ulimuuma, na mguu wa kushoto mara unawaka moto, mara unakufa ganzi. Daktari alitaka picha ya kiuno, moja ya mbele na moja ya ubavuni.

Ya mbele ilitoka kwa shida. Ya ubavuni ikakataa kabisa. Mama Usipumue aliitoa filamu kwenye dawa katika chumba cha giza, akaiweka kwenye kisanduku cha taa, akaona pembeni nyeusi tii na katikati, pale mifupa ilipotakiwa kuonekana, nyeupe pe kama unga wenyewe. Akakizungusha cha kulia, akapiga tena. Nyeupe. Akaongeza zaidi, mashine ikanguruma kwa muda mrefu mpaka mwoka mikate akasema kutoka mezani, "Dada, unanipiga picha au unanichoma?" Nyeupe vile vile.

Hapo uso ukaanza kumwasha. Mara tatu! Yeye! Alifungua mlango kuita hewa, na nje kwenye benchi la korido watu walikuwa wamejaa wakisubiri.

"Vipi, imetoka?" aliuliza mwoka mikate, akiwa amesimama nyuma yake na kushika gauni la hospitali kwa mkono, kwa sababu kamba za gauni hazikufikiana.

"Haijatoka."

"Hata hiyo?"

"Mama, mashine yangu nzima." Aliisema kwa sauti kubwa kuliko ilivyohitajika, kana kwamba anayeambiwa ni benchi. "Tangu asubuhi napiga watu na wote wanatoka. Tatizo ni mwili wako. Nyama ni nyingi, miali haipiti. Nenda ukapunguze kwanza, ndipo urudi."

Kisha mtu mmoja mwenye magongo akasema, "Jamani, hata eksirei imeogopa kuingia!" na benchi zima likaangua kicheko.

Mwoka mikate naye alicheka, kicheko kifupi cha mtu anayelipa nauli ili ashuke haraka. Akarudi ndani, akavaa nguo zake, akatoka akiburuta mguu, bila kuaga. Na Mama Usipumue alitabasamu. Si sana, ni upande mmoja tu wa mdomo, lakini alitabasamu.

Zikapita kama wiki mbili.

Jioni moja, vyombo vikiwa vimeshaoshwa, binti yake aliyekuwa sekondari alileta daftari la fizikia mezani na kulisukuma mbele yake.

"Mama, wewe ndiye mwenye eksirei. Mwalimu amepita hapa mbio kama anafukuzwa. Ona huu mchoro."

Ulikuwa mchoro wa wingi wa miali ya eksirei kwa kila urefu wa wimbi, wenye umbo la mlima. Upande mmoja mlima ulishuka taratibu, ukatandaza miguu. Upande wa pili, ule wa mawimbi mafupi, ulikatika ghafla kama umekatwa kwa wembe.

"Huku unateleza vizuri," binti alisema, akiufuata kwa kidole. "Kwa nini huku unakatika pu? Nani amekataza mawimbi mafupi zaidi ya hapo?"

Mama Usipumue alivuta kiti karibu. Mambo haya alikuwa ameyasoma chuoni na kuyajibu kwenye mtihani, tena akapata alama nzuri. Alishangaa kuona bado yamo kichwani, yamekunjwa vizuri kama shuka za wageni.

"Tuanzie mwanzo. Ndani ya bomba kuna waya mwembamba, unapashwa moto mpaka unakuwa mwekundu. Elektroni zinatoka juu yake kama mvuke kwenye sufuria. Zingebaki pale pale zikizubaa. Lakini mbele yake, ng'ambo ya bomba, kuna kibamba, kisahani cha metali ya tungsteni. Ukiweka volti kati yao, elektroni zinavutwa. Ndani hamna hewa, hakuna cha kuzigonga njiani, zinakimbia, zinakimbia, halafu pa!"

"Zinagonga kibamba."

"Zinafunga breki. Na elektroni ikifunga breki ghafla hainyamazi. Mwendo inaoupoteza lazima uende mahali. Sehemu kubwa inakuwa joto tu, ndiyo maana kibamba kinazungushwa kisiyeyuke. Kidogo sana ndicho kinachotoka kama mwali wa eksirei."

"Kwa hiyo eksirei ni mlio wa breki!"

"Haya, kama unataka. Lakini breki hazifanani. Sasa chukulia watu wanateremka mlima mbio, kila mmoja na ndoo ya maji kichwani."

"Kichaa gani hicho?"

"Nisikilize wewe! Volti ndiyo inayojaza ndoo. Volti ndogo, ndoo nusu. Volti kubwa, ndoo imejaa pomoni. Na ndoo zote zimejazwa sawasawa. Huko chini kuna ukuta, wote wanasimama ghafla. Maji yanafanya nini?"

"Yanamwagika."

"Huyu anapepesuka, anamwaga kidogo, anapepesuka tena, anamwaga tena. Kila mmwago ni mwali mmoja. Mmwago mdogo ni mwali dhaifu, wimbi lake refu. Mmwago mkubwa ni mwali mkali, wimbi lake fupi. Wengi wanamwaga vidogo vidogo. Lakini mara moja moja anatokea mmoja anauvaa ukuta mzima mzima, ndoo yote chwaa, kwa mpigo mmoja. Huo ndio..."

Binti aliruka kwenye kiti. "Huo ndio mmwago mkubwa kuliko yote! Maana hakuna anayeweza kumwaga zaidi ya ndoo yake! Ndipo mchoro unapokatika!"

"Ndipo hapo."

"Mama! Mbona mwalimu hakusema ndoo?"

"Mwalimu wako anaoga kwa bomba la mvua," alisema mama yake, na wote wawili wakacheka. Hakuwa amejisikia vizuri hivyo tangu siku ya benchi. "Ukitaka kuusogeza huo ukingo, unajaza ndoo. Ukiongeza volti mara mbili, wimbi fupi kabisa linakuwa nusu ya lilivyokuwa. Na wimbi fupi ndilo linalopenya."

"Na je," binti aliuliza, macho yamemtoka, "ukiacha ndoo kama zilivyo, ukaita watu wengi zaidi? Ukaita mtaa mzima?"

"Ukiita mtaa mzima utapata maji mengi chini. Lakini hata mmwago mmoja hautazidi ndoo moja. Miali itakuwa mingi, ya aina ile ile. Kwa hiyo kama mtu ni mnene na miali haipenyi, hata ukiongeza elektroni mpaka..."

Akautazama mkono wake wa kulia.

Aliona kidude cha kulia kikizunguka mkononi mwake. Aliona mashine ikinguruma kwa muda mrefu, na mama wa watu amelala ubavu kwenye meza ya baridi. Alikuwa ameita mtaa mzima. Ndoo zilikuwa nusu, naye akaita mtaa mzima, mara tatu, na maji yote yakaishia kwenye ngozi na nyama za yule mama bila kumfaa kitu. Halafu akatoka mlangoni akasema kosa ni la nyama.

"Mpaka nini, mama?"

"Mpaka... basi hivyo. Kalale."

"Kulala? Bado mapema!"

"Basi kasome ndani. Kichwa kinanigonga."

Asubuhi alifika kazini kabla ya wagonjwa. Aliketi mbele ya kabati akaitazama ile plasta kama mtu anayeitazama sura yake kwenye kijiko. Kisha akajaza maji madumu mawili, akayabana pamoja mezani yakafikia unene wa mtu mkubwa aliyelala ubavu, na chini yake, juu ya kaseti ya filamu, akaweka spana. Alipiga kwenye sabini, cha kulia kimezungushwa mpaka mwisho. Katikati nyeupe, spana hakuna. Akashika ukingo wa plasta kwa kucha na kuibandua. Ikatoka na ngozi ya rangi ya kabati. Akakipeleka kidude cha kushoto mpaka tisini na tano, akingoja mashine izime au itoe moshi. Haikuzima. Filamu ilitoka na spana yake, meno yote yanaonekana, mpaka kutu.

Akampigia simu fundi wa mitambo, yule anayehudumia mashine za hospitali.

"Plasta ipi, mama?"

"Ya kwenye sabini. Ya kuzuia isizidi."

"Sabini? Ile ilikuwa mashine ya zamani, ndiyo iliyokuwa ikizima ukivuka sabini. Tuliitupa! Hii niliyowafungia inakwenda mia na ishirini na tano bila kukohoa. Nani amebandika plasta?"

Mama Usipumue aliitazama plasta iliyokuwa imemnata kidoleni.

"Haloo? Mama? Mtandao umekata?"

"Nakusikia."

Alikuwa amebandika yeye. Plasta ya kwanza iliwekwa na mtangulizi wake kwenye mashine ile ya zamani, na ilikuwa na sababu. Mashine mpya ilipofungwa, kidude kile kilionekana kwake kama kimevuliwa nguo, hakina plasta. Akachukua mkasi, akakata kipande, akabandika pale pale penye sabini, akakipigapiga kwa kidole gumba kishike vizuri. Hakuuliza. Mkono ulishazoea, na kile alichojibu kwenye mtihani wa chuo hakikuwahi kukutana na mkono.

Daktari alipita mlangoni. "Yule mwoka mikate alirudi kupiga picha?"

"Hajarudi."

"Mtafute, tafadhali. Nasikia bado anabeba magunia. Kama mfupa umevunjika na anaendelea kuubebesha, mguu ule ataupoteza akiwa bado anao. Bila picha siwezi hata kumwambia alale."

Saa ya chakula akavuka soko. Dukani alikuta wifi wa mwoka mikate kaunta, mwanamke mwembamba mwenye macho yanayokagua.

"Karibu, mikate ya moto... Aa! Kumbe ni yule wa mapicha. Wifi! Umepata mgeni! Uvute pumzi!"

Mwoka mikate alikuwa nyuma, ameegemeza kiwiko juu ya meza ya kukandia, mguu wa kushoto umepumzishwa juu ya kreti iliyopinduliwa. Hakunyanyuka.

"Habari za kazi, dada," alisema Mama Usipumue.

"Kazi ipo. Sema."

Maneno aliyoyapanga njia nzima yalikuwa ya kweli. Yaliyotoka yalikuwa mengine. "Nimekuja kukujulisha kuwa mashine imetengenezwa. Unaweza kuja hata leo."

"Ilikuwa imeharibika?"

"Ilikuwa na hitilafu kidogo."

"Siku ile ulisema nzima."

"Ndiyo, hitilafu ilikuja kuonekana baadaye."

"Ikajionyesha yenyewe," wifi alidakia. "Mashine ina dhamiri hiyo!"

Mwoka mikate hakucheka. Aliupachika mkono chini ya kiuno, akajinyoosha kwa maumivu. "Sikia, dada. Nilikuja kwako na mgongo, nikarudi na mgongo na aibu. Sokoni sasa wananiita Eksirei Imeogopa. Wateja wangu! Wananunua mkate, wanacheka. Mgongo nimeuzoea. Sirudi kuongezewa cha tatu."

"Lakini mguu..."

"Mguu ni wangu."

Mama Usipumue alinunua mkate, kwa sababu hakujua namna nyingine ya kutoka.

Siku iliyofuata, nyumbani, kabla hajavua viatu, binti alimrukia mlangoni. Alikuwa amesimama ubaoni akaeleza ndoo. Darasa zima lilipiga makofi! Mwalimu alimwuliza nani kamfundisha, akajibu mama yangu, anaendesha mashine ya eksirei, anajua kila kitu. "Mwalimu amesema wagonjwa wako wana bahati. Anataka uje uongee na darasa."

"Sitakuja."

"Kwa nini? Mama, wewe ndiye..."

"Nimesema sitakuja!" Alifoka mpaka binti akarudi nyuma. Akamwona anauma mdomo wa chini, na hilo nalo likaongezeka kwenye mzigo. Wagonjwa wako wana bahati. Angetukanwa angepumua. Alichukua mkoba wake, viatu bado vikiwa miguuni, akageuka akatoka.

Duka lilikuwa linafungwa. Wifi alikuwa anafuta kaunta. Mwoka mikate alikuwa anajaribu kusogeza gunia tupu kwa mguu mzima.

"Jana nilidanganya," alisema Mama Usipumue, hata salamu hakutoa. "Mashine haikuharibika. Nilikuwa nimeizuia mimi mwenyewe, kwa plasta, kwa mazoea ya mashine iliyokufa zamani. Nguvu ya kupita ilikuwepo. Sikuitumia. Badala yake nilikupiga na miali mingi isiyofaa, mara tatu, na ilipokataa nikakusingizia wewe."

Kitambaa cha wifi kilisimama.

"Kwa hiyo mwili wangu..." alisema mwoka mikate polepole.

"Haukuwa na kosa lolote."

"Mbona unanong'ona?"

Kweli alikuwa ananong'ona.

"Siku ile hukunong'ona. Benchi zima lilikusikia, mpaka yule wa magongo akapata la kusema. Nawe ukatabasamu. Usidhani sikuona." Mwoka mikate alikuwa amejishika mezani, macho yamelowa lakini sauti kavu. "Ukitaka nije, haya ya leo kayaseme pale pale, kwa sauti ile ile."

"Watu watakaokuwa kwenye benchi si wale wale."

"Benchi ni lile lile."

Kesho yake asubuhi mwoka mikate alikuja, amemwegemea wifi yake. Hakuja mpaka mlangoni. Alisimama mwisho wa korido, karibu na bomba la kunawia mikono, akakunja mikono kifuani akangoja.

Mama Usipumue alifungua mlango mzito. Benchi lilikuwa limejaa kama kawaida: mzee mwenye kikohozi, mama na mtoto aliyevunjika mkono, vijana wawili wa kazi za ujenzi. Aliyekuwa akiwaamuru watu wasipumue, sasa pumzi yenyewe haikutosha.

"Jamani," alisema. Sauti ikakwaruza. "Kuna mgonjwa nilimwambia hapa kwamba picha zake hazitoki kwa sababu ya unene. Haikuwa kweli. Kosa lilikuwa langu, nilivyoiweka mashine."

Watu walitazamana.

"Anasemaje?" mzee aliuliza.

"Anasema mashine mbovu," mama wa mtoto alijibu.

"Basi tuondokeni!" alisema kijana mmoja, akaanza kunyanyuka.

"Si mashine!" Mama Usipumue alipaza sauti, ile ya nyuma ya kioo, ikajaa korido yote. "Mashine nzima! Mbovu nilikuwa mimi! Yule mama pale, nilimdhalilisha mbele za watu kwa kosa langu mwenyewe. Mwili wake hauna kosa."

Vichwa vyote viligeuka kuelekea bombani. Mwoka mikate, aliyekuwa akilisubiri neno hilo, alijikuta ameinamisha uso yeye. Kijana wa ujenzi akacheka puani, mwenzake akampiga kiwiko. Hakuna aliyejua atazame wapi. Wifi peke yake ndiye aliyesema, "Haya, tumesikia. Tuingie."

Ndani, kamba za gauni zilikuwa hazifikiani kama mwanzo. Safari hii Mama Usipumue alileta gauni la pili akamfunika nalo kwa nyuma, jambo ambalo lingewezekana siku ile pia. Alimlaza ubavu, akaweka mto mdogo katikati ya magoti.

"Zile tatu," aliuliza mwoka mikate akitazama ukuta, "zimenidhuru?"

"Si kwa kiasi cha kukuumiza. Lakini zilikuwa za bure, na mtu hastahili kupigwa miali ya bure. Leo ni moja."

"Na ikikataa?"

"Ikikataa, kosa ni langu."

Nyuma ya kioo alikipeleka kidude cha kushoto hadi tisini na tano, cha kulia akakirudisha chini. Aliamuru pumzi. Mashine ilinguruma kidogo tu, kama mtu anayesafisha koo.

Filamu ilipowekwa kwenye kisanduku cha taa, daktari naye akiwa ameitwa, ilikuwa na kila kitu. Pingili za uti wa mgongo zilipangana moja juu ya nyingine, za kijivu, kingo safi. Ilikuwa picha nzuri, pengine nzuri kuliko zote alizowahi kupiga. Karibu na chini pingili moja ilikuwa na ufa, nayo haikukaa juu ya mwenzake. Ilikuwa imeteleza mbele, kama kitabu kilichosukumwa nje ya rafu.

"Ndiyo inayobana mishipa ya fahamu ya mguu," alisema daktari. "Mama, kuanzia sasa hubebi hata ndoo. Naandika uende hospitali kubwa leo hii."

"Imeteleza lini?" aliuliza mwoka mikate. "Siku niliyoanguka, au huku nyuma, na magunia?"

Daktari alizichukua zile filamu tatu za kwanza, akaziinua moja moja kwenye mwanga. Weupe mtupu.

"Hizi zingetuambia," alisema. "Hazisemi kitu."

"Kwa hiyo huenda siku ile ilikuwa bado mahali pake."

"Huenda. Huenda pia ilishateleza. Hatutajua." Akatoka kwenda kupiga simu, na wifi akamfuata kuulizia gari.

Wakabaki wawili. Mama Usipumue alisimama karibu na kisanduku cha taa, mikono haina pa kwenda. Alitafuta neno. Samahani ndilo lililokuwepo, na hilo alishalitumia kwa watu aliowakanyaga vidole kwenye foleni ya duka.

"Usinisimamie hapo kama mlango," alisema mwoka mikate mwishowe. Alikuwa ameketi ukingoni mwa meza, miguu inaning'inia. "Nivalishe viatu. Kuinama siwezi."

Akapiga magoti sakafuni. Alivalisha cha kulia, kisha akaushika mguu wa kushoto kwa mikono miwili. Ulikuwa wa baridi. Alikipitisha kiatu taratibu, akakivuta kisiginoni, akafunga kamba, wala hakuinua uso.

"Cha pili nacho," alisema mwoka mikate. "Unangoja nini?"

"Nimeshakuvalisha, dada."

Mwoka mikate alichungulia chini, akakiona kiatu mguuni.

"Sikusikia kikiingia," alisema.